Mfaransa Aliyeandikia Jikoni Kwetu

Hapa Bunia kila nyumba ina filamu yake. Sisemi zile za watu wanaopigana kwa mateke huku wakiruka juu ya mapaa, hizo ziko kwenye mabanda ya video. Nasema filamu ya mazishi ya bibi, filamu ya harusi ya binti wa kwanza, filamu ya siku padri alipobariki duka. Mgeni akiingia sebuleni anapewa Fanta, kisha mwenye nyumba anachomeka flash kwenye televisheni, na mgeni anakaa kutazama jeneza la mtu asiyemjua likishushwa kaburini, huku akitafuta maneno ya kusifu nguo za wafiwa. Nimekaa hivyo mara nyingi kuliko ninavyopenda. Nafundisha Kifaransa, magoti yananiuma, na Jumapili ningependa kulala tu. Lakini jeneza la jirani halikataliwi.

Naanza na desturi hiyo kwa sababu bila hiyo mtu wa mbali atamcheka mama yangu, na mimi sitaki achekwe. Mama alipoambiwa kwamba kuna filamu ambayo kaka yangu yumo ndani, alielewa kama mtu yeyote wa Mudzipela, mtaa wetu, angeelewa: kwamba atamwona. Atauona uso wake, mwendo wake, na atasikia sauti yake.

Kaka yangu alipotea wakati wa vita. Alikwenda upande wa Aveba kuangalia ng'ombe wa marehemu baba waliobaki, akasema atarudi kabla ya siku ya soko, asirudi. Hakuna aliyetuletea maiti, wala shati, wala neno la mtu aliyemwona akianguka. Kisha na sisi tukakimbia, nyumba ikachomwa, na picha zote zikateketea pamoja na kabati. Tuliporudi mama alipekua majivu kwa fimbo hadi mvua ilipoyageuza matope. Picha moja ingemtosha, hata ile ndogo ya kadi ya shule. Hatukuipata. Kwangu mimi sura ya kaka imeanza kunitoka; nakumbuka nyusi na jino lililovunjika, ila katikati hapakai sawa. Mama hajawahi kukiri kwamba na yeye anasahau, lakini siku moja nilimsikia akimuuliza shangazi kama masikio ya mtoto yalikuwa ya baba au ya upande wake.

Baba zangu wadogo walikuja zaidi ya mara moja kumwomba mama tukae matanga, tulie, tumalize kama watu wengine wanavyomaliza. Mama aliwapa chai, akawasikiliza mpaka mwisho, akawaambia hawezi kumlilia mtu ambaye hajamwona amekufa. Mwishowe wakaacha kuligusa neno hilo. Na mtu asiyeliliwa haondoki nyumbani. Katika nyumba mpya, ambayo kaka hajawahi kuikanyaga, alitengewa chumba, na mimi, mwanamke wa umri huu, nalala chumba kimoja na mama. Nilichoka. Nasema wazi, nilichoka kumngoja kaka yangu, na siku nyingine nilimkasirikia kana kwamba ni yeye aliyekataa kurudi.

Sasa huyo Mfaransa. Alifika Bunia akiwa kijana, kufundisha katika shule yetu ya sekondari, wakati mimi na kaka tulikuwa wanafunzi. Alikuwa mrefu, mwenye kuinama kila mlangoni, hata milango ambayo haikumhitaji kuinama. Kufundisha sarufi hakukumwingia kabisa. Alianza somo la vitenzi, katikati akachoka mwenyewe, akatuambia tusukume madawati ukutani ili tuigize. Tamthilia aliziandika yeye, nyuma ya karatasi za mitihani ya zamani, na kaka yangu ndiye alikuwa mwigizaji wake wa kwanza, kwa kuwa alikuwa na sauti na hakuwa na haya. Mimi nilikaa pembeni nikiwakumbusha wengine maneno waliyosahau. Nadhani hapo ndipo nilipojifunza Kifaransa, kwa kuwanong'oneza wavivu.

Alikuwa na kamera ndogo ya video aliyoileta kutoka likizo. Aliwapiga picha waigizaji wakifanya mazoezi chini ya paa la bwalo, kisha akatuita tuchungulie mmoja mmoja kwenye kitundu chake. Siku moja mama alikuja kuleta mandazi, naye akaitwa achungulie. Alimwona mwanawe akiwa mdogo kama kidole, anatembea, anageuka, anacheka. Mama alicheka mpaka akaketi. Hadithi hiyo aliisimulia sokoni, kanisani na kwenye foleni ya maji, na baada ya kaka kupotea aliendelea kuisimulia, ila hakucheka tena.

Muda wake wa kufundisha ulipokwisha, Mfaransa alirudi kwao kutafuta jina. Hakulipata. Mambo ya maisha yake huko nimeyapata kinywani mwake mwenyewe, maana baada ya vita alianza kuja kututembelea, na aliyasema bila kujihurumia, kama mtu anayesimulia mchezo wa timu isiyo yake. Tamthilia zake zilichezwa katika ukumbi mmoja mdogo juu ya gereji, mbele ya watazamaji wachache kuliko wanaokuja kumlilia mwizi. Walikuwa hawacheki na hawalii, alisema, walikuwa wanakohoa. Alijipatia mkate kwa kusahihisha maandishi ya watu wengine waliokuwa maarufu. Hakuoa. Alikuwa na dada mmoja aliyemwalika sikukuu ya Noeli na kumuuliza kila mwaka kama bado anaandika.

Kwetu alikuwa akikaa majuma mengi. Alikula bugali na sombe, yale majani ya muhogo, kwa mkono, akapangusa sahani hadi ikang'aa, na kwa sababu hiyo mama alimsamehe mengi. Tulimpa meza barazani, hakuitaka. Aliandikia jikoni, kwenye kile kibanda cha nyuma chenye moshi, amekaa kwenye kigoda, magoti yamefika kifuani, anafuta machozi ya kuni. Alidai kwamba mezani anaandika uongo. Mama alipokuwa akipika, yeye alimuuliza maswali na mimi nikawa mkalimani: ukiamka unafikiri nini kwanza, mtu akibisha mlango unasikiaje, kwa nini unafagia njia mpaka barabarani. Mama aliniambia kwa kilugha kwamba mzungu huyu anauliza kama polisi. Hata hivyo alimjibu yote. Nafikiri hakuna mtu mwingine aliyewahi kumuuliza. Mimi sikumuuliza, nilikuwa nashughulika kuchoka.

Kutoka katika maswali yale aliandika tamthilia ya mama mmoja anayemngoja mwanawe. Alinisomea jikoni, jioni mbili, na mimi nilimsikiliza huku nikichambua mchele. Ilikuwa kweli tupu. Mwishoni hakuna anayerudi na hakuna habari inayofika. Yule mama anachukua ufagio, anafagia njia, na mchezo unaishia hapo. Nilimwambia ni nzuri na kwamba hakuna atakayelipa kuja kuiona. Alicheka sana, akasema mimi ndiye mhakiki wake bora. Wakati huo huo nilimuuliza kuhusu zile kanda za kamera. Akasema zilikaa katika chumba cha chini ya nyumba yake, unyevu ukaziharibu zote. Nilimpelekea mama habari hiyo. Mama akasema mtu ambaye kazi yake ni kutunga anaweza kutunga na hilo.

Safari yake ya mwisho alikuwa mgonjwa wa figo. Tulimpeleka Nyankunde hospitalini kwa gari la kukodi, na njia nzima alikuwa akishika paa kwa mkono na kuuliza majina ya vilima. Walimtuliza maumivu, akapanda ndege kurudi kwao. Baada ya miezi kadhaa mwanafunzi mwenzetu mmoja wa zamani anayeishi Ufaransa alipiga simu kusema amefariki, na kwamba mazishini walikuwepo dada yake, jirani yake na yeye mwanafunzi. Mama alimlilia siku nzima. Niliona wivu kidogo kwa niaba ya kaka yangu, maana Mfaransa alipata machozi yake upesi hivyo.

Basi, mtu yule alipokwisha kufa ndipo huko kwao walipoanza kumpenda. Mwanamke mmoja mtengenezaji wa filamu aliipata kwa dada wa marehemu ile tamthilia ya mama anayengoja, akaifanya filamu, na watu waliokuwa wakikohoa wakaanza kulia. Baada ya hiyo wakachukua nyingine, ya tatu ikawekwa kwenye televisheni kwa vipande, kila wiki kipande. Magazeti yakamwita mwandishi mkubwa aliyesahauliwa. Lakini wao ndio waliomsahau, sisi tulikuwa tunampikia. Mhakiki mmoja aliandika kwamba alilijua bara letu hadi moyoni. Nilipoyasoma hayo kwenye simu nilicheka kwa hasira. Bara lenyewe lilikuwa jiko letu, na moyo wenyewe ni mama yangu akigeuza bugali.

Yule mwanafunzi aliyeko huko ndiye aliyetutumia filamu. Kabla ya kuituma alipiga simu, na kwa bahati mbaya nilikuwa nimeweka sauti kubwa ili mama amsalimie. Akasema kwa furaha: “Mama, mutoto yako iko ndani ya ile filme. Jina tu njo walibadilisha, lakini ni yeye kabisa, vile alikuwa.” Mama aliweka chini kisu cha kumenyea mihogo. Mimi nilijua papo hapo kwamba siku zangu zijazo zitakuwa ngumu.

Nilimweleza. Nilimweleza asubuhi na nilimweleza mchana, kwamba hizi si filamu kama za harusi, kwamba wanachukua maisha ya mtu kisha wanamtafuta mtu mwingine ayacheze. Mama si mjinga. Alinisikiliza akiwa amekunja mikono, kisha akanijibu.

“Najua teatre ni nini,” alisema. “Sasa nani atacheza mutoto yangu? Yeye mwenyewe njo alikuwaka anacheza. Na ule muzungu alimupiga na kamera, miye niliona na macho yangu.”

Nikamuuliza na zile kanda zilizoharibika je? Akauliza kama mimi nilikuwa nimeiona hiyo filamu. Sikuwa nimeiona, ilikuwa bado inaingia kwenye simu, mtandao wetu unavyojua kuchechemea. “Basi nyamaza,” akasema. Na kusema kweli ningeweza kuitazama peke yangu kabla yake, nikajua, nikamtayarisha. Sikutaka. Nilijiambia ni uchovu.

Habari ilizunguka mtaa mzima kabla filamu haijamaliza kuingia. Mama mwenyewe aliwaalika watu, Jumapili baada ya ibada. Mwenye banda la video la karibu alikubali kuleta televisheni yake kubwa na jenereta, akajitolea pia kutafsiri. Hiyo ndiyo kazi yake: anakaa kando ya skrini na maikrofoni, filamu ikizungumza lugha yoyote ile yeye anaisema kwa Kiswahili chetu, anaongeza utani, anawatukana wabaya, na watu wanalipa kumsikia yeye kuliko kuona picha. Mama alimshukuru, akakataa. Alisema atatia mchezo. Alitaka nitafsiri mimi, pole pole, bila kuongeza.

Wanawake walikuja na kila mmoja alisimama kidogo mlangoni akiwa hajui avae uso gani. Wengine walileta sukari kama kwa mtu aliyepata mgeni, wengine walileta kuni kama kwa mtu aliyefiwa, na mmoja alileta vyote viwili. Ukienda kumtazama mtu aliyepotea unabeba nini? Hakuna aliyewahi kutufundisha. Tulitundika mablanketi madirishani, jenereta ikawashwa nyuma ya nyumba, mama akakaa kiti cha mbele kabisa, amevaa kitenge chake cha Pasaka.

Filamu ilianza na uwanja usio wetu. Ardhi ilikuwa nyekundu sawa, lakini vilima vilikuwa vikavu na miti si ya kwetu. Walikuwa wameipigia nchi nyingine. Yule mama wa filamu alikuwa mzuri sana, kitenge chake hakikuchafuka hata mara moja, na aligeuza bugali kwa ncha za vidole kama anayekoroga chai. Wanawake walicheka. Mimi nilitafsiri. Maneno niliyafahamu, nilikuwa nimeyapitisha mwenyewe kutoka kwa mama kwenda kwa Mfaransa, na sasa nilikuwa nayarudisha kutoka Kifaransa hadi kwa mama. Alikuwa akitikisa kichwa, akisema ndiyo, hivyo njo nilimwambia.

Kisha mlango wa filamu ukafunguliwa na kijana akaingia, katika ile sehemu ya kukumbuka siku za nyuma. Kijana mwembamba, mrefu, meno mazuri yote. Mtu nisiyemjua.

Hapo ndipo nilipogundua kwamba na mimi nilikuwa nimetumaini. Mimi mwalimu, niliyemweleza mama asubuhi na mchana, nilikuwa nikimngoja kaka yangu apite mlango ule. Kijana alikuwa anaongea na mimi sikutafsiri neno.

Mama aliinama mbele. “Huyu ni nani?”

Nikamwambia, “Ni muchezaji, mama. Anacheza kaka.”

Alimtazama kijana yule kwa muda mrefu, kwa adabu, kama unavyomtazama mgeni aliyekosea nyumba. Mwenye banda la video alinyoosha mkono kuzima, na mimi nilitaka azime, lakini mama akasema waache, mtu hafukuzi wageni katikati ya chakula. Nikaendelea kutafsiri. Sijui nilisema nini.

Nilikuwa nikingoja ufagio. Nilijiambia, ufagio ukifika yatakwisha, nitachemsha chai, watu wataenda zao na mama atalala. Ufagio haukuja. Mwisho ule hawakuupenda, wakaandika wao. Wanaume walitokea kwenye njia wamebeba mlango wa mbao, na juu ya mlango kijana yule amefunikwa shuka. Yule mama wa filamu alimpokea, akamwosha uso, mikono na miguu, akamvalisha, akamzika, na muziki mwingi ukapigwa. Nilikasirika. Maskini yule Mfaransa hakuandika hivyo. Alijua kwamba hakuna aliyeletwa. Alikaa jikoni kwetu akavuta moshi wetu ili asiseme uongo, na sasa amekufa wamemwandikia uongo na kumsifu kwa huo.

Katika sehemu ile hakukuwa na maneno ya kutafsiri, kwa hiyo nilikaa tu, muziki wao ukichanganyika na mngurumo wa jenereta. Mama aliyatazama mazishi yale jinsi tunavyotazama mazishi hapa, akichunguza nani amebeba upande wa kichwa na nani ametupa udongo kwanza. Filamu ilipokwisha alimwomba mwenye banda arudishe pale pa kuosha. Akarudisha. Mama akatazama tena, mikono yake mwenyewe ikisogea kidogo mapajani. Akaomba azime.

Wanawake walianza kuinuka, wakifunga vitenge vyao, hawajui waseme pole ya nini. Mmoja alikuwa tayari ameshika kuni zake ili asiziache mahali pasipohitajika.

“Ule mama walimupa maiti yake,” mama alisema. Hakuwa akimwambia mtu. “Miye hawakunipa.”

Nikasema, “Mama, ile ni uongo. Mwandishi hakuandika vile.”

“Najua ni uongo. Kama ingekuwa ya kweli, wangenipa na miye.” Akageuka, akawatazama majirani waliosimama. “Musiende. Nilikuwa nangojea sura yake tu. Nilisema, siku moja nitaiona hata mu karatasi. Sasa haiko tena pahali itatokea. Mukae. Leo tunamulilia mutoto yangu.”

Kisha yule mwenye kuni akatoka nazo uwanjani, nikasikia akizitupa chini na kuomba kiberiti. Mwenye banda la video alibeba televisheni yake nje kwa haraka, ili pawe na nafasi. Mtu alikuwa akimpigia simu baba mdogo. Mikeka ililetwa, sijui kutoka nyumba gani, na mama akavuliwa viatu na wanawake wa umri wake.

Tangu kaka alipopotea mama hakuwahi kumtaja kwa jina. Alikuwa akisema “mutoto” basi, kana kwamba jina lingemchelewesha njiani. Jioni ile alimwita kwa jina lake lote, la ubatizo na la nyumbani, kwa sauti ya kulilia wafu, na sisi wanawake tukaitikia.